Kampuni ya Kwanza kwa Sifa

Wahenga hawakuhitaji chuo kikuu ili kujua kwamba kitu kizuri hakina haja ya mpiga debe, na kwamba kibovu ndicho kinachozungushwa mlango kwa mlango kikiwa kimepambwa kwa maneno. Profesa mmoja wa fedha alitumia miaka ya utafiti na posho yake yote kuthibitisha jambo hilohilo, na bado hakuaminiwa na wakweze.

Profesa huyo alikuwa mtu wa tahadhari. Ukimwuliza kama mvua itanyesha, angekueleza mambo mawili yanayowezekana na moja lisilotarajiwa. Kazi yake ilikuwa kusoma ripoti za mwaka za kampuni mbalimbali. Alikusanya maneno yao ya kujisifu, "bora", "kabambe", "isiyo na mfano", kisha akayalinganisha na mapato. Akagundua kwamba kadiri biashara ilivyodorora, ndivyo sifa zilivyonona.

Iliyozipiku zote ilikuwa kampuni moja ya magodoro. Kiwanda chake cha pili kilikuwa kimemwagiwa sifa kurasa kumi na moja, picha juu ya picha, lakini gharama za umeme hazikupanda hata kidogo tangu kizinduliwe. Profesa aliipekua ripoti tena na tena akitafuta mahali alipokosea. Hakukosea. Kile kilikuwa kiwanda kinachoendeshwa kwa sifa badala ya umeme.

Balaa ni kwamba mtunzi wa sifa hizo alikuwa shemeji yake, kaka wa mkewe, afisa uhusiano wa kampuni hiyo, ambaye ukoo mzima ulimwita Tarumbeta. Alikuwa na moyo mweupe, ila mdomo wake haukuwa na breki. Na balaa kubwa zaidi, Tarumbeta alikuwa amemshawishi mama yake auze nyumba aliyoachiwa na marehemu mumewe ili anunue hisa za magodoro.

"Ukiuza nyumba, Mama, utakaa wapi?" Profesa aliuliza kwa adabu, macho chini.

"Si kwenu?" mama mkwe alijibu. "Kuna chumba kile kilichojaa makaratasi."

Profesa alipaliwa na chai. Chumba hicho ndicho kilikuwa ofisi yake. Lakini kilichomwuma hasa ni kumwona mama wa watu akielekea shimoni huku anatabasamu. Akajikaza, akaeleza habari za umeme.

"Wivu huo, shemeji," Tarumbeta alimcheka. "Profesa wa fedha, mwenyewe huna fedha!"

"Kiwanda hicho umewahi kukiona kwa macho yako?"

"Nikione ili iweje? Kazi yangu ni kukisifu."

Mama mkwe alicheka mpaka akafuta machozi. Mkwe wake alikuwa na akili, hilo alilikubali, lakini maneno yake yalijaa "huenda" na "inawezekana". Mwanawe alizungumza kama mtu anayekabidhi funguo za peponi. Siku ya kutia sahihi ikapangwa.

Profesa akachapisha makala yake katika jarida la chuo, jarida lililokuwa na msomaji mmoja, yaani mhariri, naye alilisoma kwa kuwa ndio mshahara wake. Akampelekea shemeji nakala.

"Isome yote," alimsihi. "Yote, shemeji."

Tarumbeta akafungua, akaliona jedwali, akaliona jina la kampuni yake limekaa juu kabisa. Moyo ukamruka kwa furaha. Aliona kuendelea kusoma ni kujichosha bure. Akakimbia na habari kwa mwenyekiti wa kampuni, ambaye naye alipenda kuona jina lake juu.

Wiki hiyo gazeti likatoka na tangazo la ukurasa mzima: "UTAFITI WA CHUO KIKUU WATHIBITISHA: SISI NI WA KWANZA!" Mabango yakafuata barabarani, redio nazo zikapokea. Kwa mara ya kwanza tangu lianzishwe, jarida la chuo likatafutwa kama maji. Wenye hisa walilisoma jedwali, na kwa kuwa fedha zilikuwa zao, wakasoma na ukurasa wa umeme.

Siku ya sahihi ikafika. Mnunuzi wa nyumba alikuwa ameketi sebuleni, na mama mkwe ameshika kalamu, Tarumbeta alipoingia akipeperusha gazeti.

"Mama, umeona? Wa kwanza! Na aliyesema ni mkwe wako mwenyewe!"

Mama mkwe akamgeukia Profesa. "Kumbe umeshakubali, baba? Haya, nisomee ulivyowasifu."

Profesa akavaa miwani, akafungua makala. "Jedwali la kwanza," alisoma. "Kampuni zinazojisifu kupita mapato yao, kuanzia iliyozidi zote."

Kalamu ikasimama hewani. Papo hapo simu ya Tarumbeta ikalia. Alisikiliza, uso ukamshuka.

"Wenye hisa wamekwenda kiwanda cha pili," alisema kwa sauti ndogo ambayo hakuna aliyejua kama anayo. "Wamekwenda na polisi."

"Wamekuta nini?" mama yake aliuliza.

"Mbuzi."

"Mbuzi wanatengeneza magodoro?"

"Wanakula majani, Mama. Ni uwanja mtupu. Kuna lango tu."

Mama mkwe akaiweka kalamu mezani, akamwomba radhi mnunuzi, kisha akamgeukia Profesa. "Mkwe wangu, siku nyingine ukiniona naelekea shimoni, achana na 'huenda'. Nipigie kelele."

"Huenda nikafanya hivyo, Mama," Profesa alijibu.

Mwenyekiti alikamatwa akiwa amekwishafunga mizigo. Tarumbeta, aliyekuwa akilipwa nusu ya mshahara kwa hisa, alishindwa kulipa kodi ya nyumba akarudi kwa mama yake. Akatandikiwa godoro la sufi la chumba cha wageni, akalala fofofo mpaka jua likamkuta.

"Mama, hili godoro ni la ajabu," alisema asubuhi akijinyoosha. "Mlilinunua wapi?"

"Kwa fundi, nyuma ya soko."

"Mbona sijawahi kuona hata bango lake?"

"Bango la nini?" mama yake alimjibu. "Ana foleni."

Chema chajiuza, kibaya chajitembeza.