Nungunungu na Kalenda ya Miezi Mitatu

Hadithi yangu iko mlangoni, inabisha hodi.

Karibu, iingie na chumvi yake.

Hapo kale, kale ambayo hata wazee waliisikia kwa wazee, palikuwa na nchi yenye miezi miwili angani. Mwezi Mkubwa alikuja alipotaka. Mwezi Mdogo alikuja alipokumbuka. Kwa hiyo hakuna aliyehesabu siku kwa kutazama juu.

Siku zilihesabiwa na Bibi Kobe. Kila alfajiri alitoa kijiwe kimoja katika chungu cha kushoto, akakitia katika chungu cha kulia. Vijiwe vilikuwa tisini. Siku ya kijiwe cha mwisho, Mto Mfoko hufurika na kumeza bonde lote. Wanyama walivuna mtama wao mapema, wakapanda kilimani, basi.

Ndipo Nungunungu akarudi kutoka chuo kikuu, na joho lake, na shahada ya Elimu ya Majira. Akatoka kutafuta kazi.

Akaenda kwa Tembo, mwenye ghala. "Una uzoefu wa miaka mingapi?"

"Mzee, nimehitimu juzi."

"Basi tutakupigia."

Akaenda kwa Mamba, mwenye kivuko. Uzoefu? Hana. "Tutakupigia."

Akaenda kwa Kiboko, mkuu wa nchi. Uzoefu? Hana. "Acha namba, kijana. Tutakupigia."

Nchi ile haikuwa na simu. Msomi wetu alisubiri siku kumi kabla ya kulikumbuka hilo.

Hasira zikampanda, miiba ikasimama. "Nchi nzima inahesabu maisha kwa vijiwe vya bibi? Seriously?" Akachukua gome pana, akachora kalenda ya miezi mitatu, kila mwezi siku thelathini: Mwezi wa Maombi, Mwezi wa Tutakupigia, na Mwezi wa Uzoefu. Siku ya mwisho ya Uzoefu ndiyo ya mafuriko.

Akaipeleka barazani. Kiboko hakuelewa kitu, lakini mistari ilikuwa imenyooka.

"Hii inaitwa framework, Mzee."

"Aa, framework," akasema Kiboko kwa heshima. "Itaanza msimu huu mpya. Na wewe, kila alfajiri uchanje mstari mmoja kwa mwiba wako. Mshahara tutauangalia."

Bibi Kobe akamwambia taratibu, "Mjukuu wangu, kazi hii ni ya kuamka tu."

"Bibi, with all due respect, hii ni sayansi."

Sasa mjue, nungunungu ni mzururaji wa usiku. Na asiye na mshahara haamshwi na jogoo.

Mwezi wa Maombi alijitahidi, ila siku moja akalala mpaka jua likazama. Akajiambia, "Siku ambayo sikuiona haihesabiki." Hakuchanja.

"Mwanangu, umechanja?" akauliza mama yake.

"Mama, relax."

Mwezi wa Tutakupigia akalala tena siku nzima. "Mwanangu, umechanja?" "Mama, relax."

Mwezi wa Uzoefu akalala tena. "Mwanangu?" Mara hii alijibu kwa kukoroma.

Mtama wa mama yake ulichelewa kukomaa, nao ndio uliokuwa chakula chao cha msimu mzima. Asubuhi moja mama akachukua kikapu. "Gome linasemaje?"

"Zimebaki siku tatu."

"Basi nitavuna polepole. Afadhali nilisomesha." Akashuka bondeni, na majirani nyuma yake.

Nungunungu akapita kwa Bibi Kobe. Akamkuta na vyungu vyake. Cha kushoto kilikuwa kitupu.

"Bibi, bado unahesabu?"

"Mkono umezoea. Cha mwisho nimekitoa alfajiri hii."

Akakitazama chungu. Akalikumbuka gome. Lilipungua mistari mitatu. Na siku zile tatu alizijua moja moja, pamoja na mto wa kitandani aliolalia. Akipiga kelele, kazi pekee aliyowahi kupata imekwisha. Akinyamaza, mama yuko bondeni. Alisimama pale akitafuta neno la Kiingereza la kumwokoa. Halikuja.

Akakimbia, miiba ikigongana. "Mama, pandeni! Mto ni leo! Nililala, Mama. Siku tatu nililala!"

Wakatupa visu vya kuvunia, wakapanda. Mkia wa mwisho ulipotoka bondeni, mto ukaingia. Mtama uliobaki shambani ukaenda na maji.

Kilimani baraza likakaa. Kiboko akasema afukuzwe. Tembo akasema afukuzwe. Bibi Kobe akasema, "Macho yangu yamechoka. Mpeni vijiwe."

"Uzoefu anao?" akauliza Mamba.

"Ninao," akajibu Nungunungu, kichwa chini. "Wa kulala siku tatu, na kuzitaja mbele za watu."

"Huo ndio niliokuwa nautafuta," akasema Bibi Kobe.

Mama yake, mkononi kikapu cha mtama kilichojaa nusu tu, akasema, "Kumwamsha niachieni mimi." Akawa anamwamsha kila alfajiri, kwa mwiko.

Basi mafunzo yake ni haya: anayetaka kuwapangia wenzake siku, kwanza aamke. Na aliyekosea akisema mapema, huokoa zaidi ya kalenda.

Hadithi yangu imefika kilimani. Aliyeipenda na aibebe. Asiyeipenda aache namba, tutampigia.