Bi Joho wa Pumzi Haba

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa wapi?

Chini!

Chini ya wapi?

Chini ya chini!

Haya, sogeeni. Makame, kunja miguu, mkeka si wako peke yako. Hadithi ya leo inashuka mbali, na mimi sirudii maneno. Atakayesinzia njiani tutamwacha huko huko.

Hapo zamani za kale, zamani hasa, samaki walikuwa wakisema, na bahari ilikuwa na orofa kama nyumba. Orofa ya juu ilikuwa na jua, matumbawe, mwani na kelele. Orofa ya kati ilikuwa na kiza cha magharibi. Na chini ya hiyo kulikuwa na mahali panaitwa Pumzi Haba.

Pumzi Haba! Jua halijafika huko tangu dunia iumbwe. Baridi yake inaingia mpaka kwenye mizizi ya meno. Na maji yake, nisikilizeni vizuri, maji yake yana pumzi kiduchu. Samaki naye anavuta pumzi, ila yeye anaivuta ndani ya maji. Sasa samaki wa juu akishuka huko, anavuta hapati, anavuta hapati, kichwa kinamzunguka. Asiporudi upesi, kwisha habari yake.

Na huko huko, jamani, kulikuwa na mtu anaishi. Tena anaishi raha mustarehe. Jina lake Bi Joho.

Bi Joho ni wa ukoo wa ngisi na pweza, lakini si ngisi na si pweza. Si mkubwa, sinia moja ya wali inamtosha kulala. Ana mikono minane, na mikono yote imeunganishwa kwa ngozi nyembamba, ikawa joho. Juu ya kichwa ana mapezi mawili kama masikio. Mwili wake laini, unatikisika kama faluda. Na macho! Macho makubwa, duara, ya buluu. Mungu akikuweka kwenye kiza anakupa na jicho lake.

Bi Joho hana haraka. Haogelei mbio, anaelea. Akitaka kusogea anapunga masikio mara moja, halafu anangoja. Pumzi anayoivuta ni ndogo, na haipotezi hata chembe.

Chakula chake je? Hawindi mtu. Huko juu bahari ikila, makombo yanaanguka. Magamba, vumbi la mwani, kaa wadogo waliokufa, na mavi ya samaki pia. We mtoto Riziki, usicheke, nimesema mavi pia. Yanashuka polepole, kutwa kucha, kama unga unaopeperuka kutoka kwenye kinu. Bi Joho anatoa uzi wake mrefu unaonata, anauacha majini. Ukijaa anauvuta, anakusanya alichopata, anatia ute kidogo, anafinyanga tonge, anameza. Alhamdulillahi, ameshiba.

Sasa juu kwenye matumbawe aliishi Ngisi, binti wa kaka yake Bi Joho. Msichana mrembo, mwepesi, mwenye wino tele. Wakati huo alikuwa mjamzito, tumbo limejaa mayai, karibu atage.

Wenzake wa matumbaweni walikuwa wakimtania. "Shangazi yako yule mla makombo! Hana hata wino! Ngisi gani asiye na wino?"

Na Ngisi naye anacheka. Ndiyo, anacheka! Damu yake mwenyewe anaicheka, ili tu asionekane mshamba mbele ya wenzake. Mimi mtu kama huyo ananichefua, lakini ngojeni, mtamhurumia sasa hivi.

Siku moja akaja Papa. Papa huyu alikuwa na shida moja, hawezi kusimama. Akisimama pumzi haimwingii. Lazima aogelee mdomo wazi, hata akilala anaogelea. Na anayeogelea hivyo njaa haimwishi. Akamwona Ngisi na tumbo lake.

"Ewe Ngisi! Leo nakula mama na watoto kwa mpigo mmoja!"

Ngisi akatema wino, puu! Papa akapotea kidogo, akatokea upande wa pili. Ngisi akakimbilia tundu la matumbawe, tumbo halipiti. Akakimbilia kwenye mwani, Papa akaufyeka wote. Ikabaki njia moja tu, ya chini. Akaifuata.

Akashuka, akashuka, akashuka. Jua likawa la kijani, likawa la buluu, likazimika. Baridi ikamkaba, pumzi ikaanza kumwishia. Akaimba huku analia:

*Shangazi, shangazi, nisitiri,*
*nyuma yangu kuna meno,*
*mbele yangu kuna kiza.*

Mara pale mbele ikawaka nukta moja ya buluu. Ikawaka ya pili. Zikawaka nane, kila moja kwenye ncha ya mkono. Na katikati yake macho mawili makubwa yanamtazama.

"Shikamoo shangazi!" Ngisi akaanza. "Habari za siku nyingi? Hujambo? Wazima wote? Sisi huko hatujambo, ila wasiwasi tu, na mama anakusa—"

"Marahaba. Nyamaza."

"Shangazi, mimi nime—"

"Nyamaza, mwanangu. Huku kila neno ni pumzi, na wewe unazimwaga."

Lo! Ngisi akafumba mdomo. Huko kwao salamu bila kuulizana habari ya kuku na mbuzi ni utovu wa adabu. Huku adabu ni kunyamaza.

Papa akasikika anakuja, maji yanavuma. Ngisi akaogopa, akafanya lile analolijua tangu utotoni. Akatema wino, puu!

Jamani! Wino mweusi ndani ya kiza cheusi! Wa kumficha nani? Papa wala hakujua kama umetemwa. Akaja na pua yake, moja kwa moja.

Bi Joho hakukimbia. Alimvuta Ngisi kifuani, akainua joho lake, akalipindua, ndani ikawa nje. Likawafunika wote wawili gubigubi. Na ndani ya joho lile kulikuwa na safu za miiba. Miiba laini, haichomi hata kidole cha mtoto, lakini Papa atajuaje? Akapeleka pua, akagusa kitu kama fenesi jeusi. Akaruka nyuma.

"Hii nini? Mimi nimefukuza ngisi, hili dude limetoka wapi?"

Akazunguka mbio. Na kila akizunguka, pumzi inampungua.

Akarudi mara ya pili. Bi Joho akazima taa zote, akaacha moja kwenye ncha ya mkono mmoja, akaichezesha mbali na mwili. Papa akaona, huyo! Akauma, kacha! Ncha ikakatika. Ngisi mle ndani akasikia shangazi yake anatetemeka.

"Shangazi, amekuumiza!"

"Itaota. Nyamaza."

Papa akatafuna, hakuna nyama. Akapandwa na hasira, akazunguka mbio kuliko mwanzo. Pumzi inampungua.

Akarudi mara ya tatu, na safari hii alikuja kuua. Joho limeanza kulegea, Ngisi anazimia, tumbo lake linaonekana nje. Bi Joho alikuwa amebakiwa na kitu kimoja. Kitu hicho hakitoi ovyo, maana kukitengeneza tena ni kazi ya siku nyingi kwa mla makombo. Akakitoa chote.

Hakutema wino. Alitema mwanga.

Ee Mola wangu! Mngeuona! Ute wa buluu ukatawanyika, chembe kwa chembe, mamia kwa mamia. Mahali ambapo hapajaona jua tangu kuumbwa pakajaa nyota, juu nyota, chini nyota, kila upande nyota, zinaelea hazina haraka. Mpaka Ngisi aliyekuwa anakata roho akafumbua jicho akasahau kuogopa. Nami nikisimulia hapa nywele zinanisimama, angalieni mkono wangu.

Papa akauma nyota ya kulia. Akauma ya kushoto. Akauma ya juu, akauma ya chini, anapiga mkia kama kichaa. Mara mkia ukawa mzito. Akavuta pumzi, hakuna. Akataka kurudi kwao, lakini amegeuka mara nyingi mno, hajui juu ni wapi.

"Wewe mwanamke!" akapiga kelele. "Juu ni wapi? Niambie, nakufa!"

Bi Joho angeweza kumdanganya. Hakumdanganya. Akasema kwa sauti ndogo, "Makombo yanaanguka kutoka juu. Yafuate yanakotoka."

"Mimi? Papa mzima nifuate makombo?"

Akazifuata nyota. Na nyota zile zilikuwa zinazama. Akazama nazo, zikazimika moja moja, na Papa yule hajaonekana mpaka leo.

Sasa Ngisi. Ngisi amelegea, hasemi, hatikisiki. Na Bi Joho, ambaye maisha yake yote hajawahi kukimbia, akaanza kupunga masikio. Punga, punga, punga, kupanda juu, mzigo kifuani, mkono unatoka damu. Akapita mpaka wa Pumzi Haba. Maji yakawa ya moto kwake. Mwanga ukaanza kumchoma macho, yale macho yaliyoumbwa kwa kiza. Akaendelea kupanda hivyo hivyo, anajipofua, kwa ajili ya mtoto aliyekuwa akimcheka.

Alipofika pale buluu ya kwanza inapoonekana, akafungua joho.

Ngisi akavuta pumzi. Akavuta ya pili. Akajishika tumbo, mayai yapo yote. Ndipo akageuka akamwona shangazi yake kwenye mwanga, kwa mara ya kwanza. Akaona joho jekundu la kuiva, mkono uliokatika, na macho makubwa yanayotiririka machozi kwa mwanga.

"Shangazi, nisamehe. Nilikuwa nakucheka na wenzangu."

"Najua. Sauti zenu zinashuka pia."

Ngisi akalia. "Twende nyumbani, shangazi. Matumbaweni kuna nafasi."

"Mwanga wenu utanipofua, mwanangu. Kwangu ni kule. Nenda katage."

Akamwachia, akashuka taratibu bila kupunga. Ngisi akamtazama hadi akawa nukta ya buluu, na nukta nayo ikazimika.

Ngisi akataga. Mayai yakaanguliwa, watoto wakatoka wengi, wepesi, wazuri. Majirani wakaja kuwaona. Kama kawaida yao wakauliza, "Mashallah! Hawa watoto ni wa ukoo gani?"

Wenzake wote wapo, wamekaa, wanamtazama. Ngisi akasema kwa sauti, kila mtu akasikia:

"Ni wa Bi Joho wa Pumzi Haba."

Haya. Hadithi inatufundisha tusimcheke mtu kwa udogo wa riziki yake. Anayejua kuishi na kidogo, siku kidogo ndicho kilichobaki, yeye ndiye atakayetuvusha.

Mimi nimeshuka na nimepanda, hadithi nimeiacha kwenye mkeka. Ikiwa tamu, gawaneni. Ikiwa chungu, niachieni mwenyewe nitaimeza.