Ujira wa Pimbi

Mwenye masikio yupo?

— Yupo!

Mwenye usingizi?

— Akalale kwao!

Haya. Hapo zamani, zamani za kale, palikuwa na Pimbi, mama wa watoto wanne, aliyeujua mlima kama alivyolijua jiko lake. Kazi yake ilikuwa kuwaongoza wageni mpaka kileleni, kwenye theluji. Tajiri wake alikuwa Fisi. Wageni walimlipa Fisi mtama, naye Fisi aliahidi kumpa Pimbi vikapu vitatu kila safari.

Safari ya kwanza ikaisha, Pimbi akadai ujira wake. Fisi akamwambia hewa ya kule juu ni malipo tosha. Safari ya pili ikaisha, akamwambia avumilie, jina lake linakua. Safari ya tatu ikaisha, akamwambia akawaombe wageni bahashishi. Huyo ndiye Fisi, jamani! Tumbo lake likijaa, dunia nzima imeshiba.

Masika yalikuwa yamekaribia, na masika yakianza hapandi mtu mlima. Ghalani kwa Pimbi hamkuwa na punje. Basi kesho yake hakwenda kazini. Na wapagazi, akina Nyani, ambao nao mtama waliusikia kwa masikio tu, wakaitua mizigo.

Fisi akacheka. "Njia ni njia tu. Nitawapeleka mwenyewe."

Wageni siku hiyo walikuwa Swala watatu. Sasa, kiongozi wa mlimani huenda polepole, tena kila mara hugeuka kutazama alikotoka, maana ukungu ukishuka hana alama nyingine. Fisi angejulia wapi? Akatimua mbio, macho mbele. Ukungu ukashuka. Akaona nyayo, akafurahi, akazifuata. Wakalizunguka jabali mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu.

Mama Swala akasema, "Bwana Fisi, nyayo hizi ni zako."

Swala wakalia kwa baridi. Pimbi akawasikia toka mwambani kwake, huruma ikamwingia, akapanda kuwafuata.

"Wageni nitawashusha, sina deni nao," akasema. "Wewe Fisi, baki hapa na hewa yako."

Swala wakauliza, deni gani tena? Wao walikwishamlipa Fisi mtama wa kila mtu! Fisi akaapa kwa baba na kwa mama kwamba atalipa.

"Watoto wangu hawali viapo," Pimbi akamjibu. "Leo hii, kabla jua halijatua, nivione vikapu vyangu."

Wakashuka. Fisi akatafuta wa kumbebea mtama mpaka mwambani kwa Pimbi, asipate hata mmoja. Akaubeba mwenyewe, vikapu tisa vya Pimbi, kisha vya Nyani, akipanda na kushuka, Swala wanamtazama, mpaka kiuno kikalegea. Mwangalieni hata leo, mgongo umeinamia nyuma. Na toka siku hiyo ujira wa mlimani hutolewa chini, mbele ya wageni, kabla ya hatua ya kwanza.

Wanangu, anayekuongoza mlipe, anayekubebea mlipe, wala usimlipe maneno. Hadithi nimeitua hapa. Nimewabebea tangu magharibi, mgongo unaniuma, na sijaona hata karanga.