Majivu ya Mwanamvua

Paukwa!

Pakawa!

Nyie wa nyuma mnaitika huku mnanitazama kwa jicho la pembeni. Mnanishuku? Vizuri. Leo ni habari ya kushukiana.

Hapo zamani za kale palikuwa na mji wa wachoma mkaa. Watu wake wote walikuwa na mikono myeusi tii, na maji matupu hayakuutoa weusi ule. Akaolewa huko Mwanamvua, mgeni wa kutoka pwani. Mama mkwe wake, Bi Msimu, hakumwamini hata chembe.

Siku ya kwanza Bi Msimu akachungulia jikoni. Mwali anatia majivu kwenye kifumbu cha kuchujia nazi, anayamwagia maji. Siku ya pili akachungulia. Anachemsha maji yale na mafuta ya nazi. Siku ya tatu akachungulia. Anafinyanga madonge!

"Majivu ya jiko langu!" akasema Bi Msimu. "Huyu anatuloga."

Nanyi mnajua, majivu ya jiko la mtu hayachezewi.

Akaiba donge moja, akakimbilia mtoni kuuzamisha uchawi. Akalisugua liyeyuke, akalisugua, akalisugua. Loo! Likatoa povu. Akaingiwa na hofu, akalifunga kwenye jani la mgomba, mbio mpaka barazani.

"Wazee wangu, nimelikuta kizingitini kwangu! Sijaligusa, nimelibeba kwa jani. Mwali huyu arudishwe kwao leo leo!"

Wakaitwa mwali na mumewe. Mume akainamisha kichwa. Mwanamvua akamtazama, na uchungu ukamjaa, maana alimpenda.

"Mama," akasema Mwanamvua, "hujaligusa kweli?"

"Sijaligusa!"

"Basi apa, mikono juu, wazee wakuone."

"Haki ya Mungu, sijaligusa!"

Akanyanyua mikono. Baraza zima likasogea kutazama. Enyi wenzangu, viganja vilikuwa vimetakata hadi kwenye kucha! Njia ya mwongo ni fupi.

Kwanza wakacheka. Kisha wanawake wakamzunguka Mwanamvua: "Dada, nami nigawie! Nami! Nami!" Ndiyo sabuni hiyo mnayoogea.

Bi Msimu akaja wa mwisho. "Mwanangu, nisamehe. Nipe na mimi kidogo."

Mwanamvua akampa donge zima.

"Chukua, mama. Mikono imeshatakata. Sasa kaoshe ulimi."

Hadithi yangu nimeianika hapa. Aliyeiamini akaogee, asiyeiamini akachungulie jikoni kwa mkwewe.