Uzi Mwekundu Chini ya Kola

Siri ya mtu ni kama maji ndani ya kata: hukaa humo mpaka mkono ulioishika utikisike. Mwandishi mmoja alijivunia kwamba mkono wake hautikisiki. Kwa miaka ishirini aliwasikiliza wanawake waliopitia vita, akaandika vitabu vinne. Majina aliyabadilisha, miji akaihamisha, na hakuna aliyewahi kumlalamikia.

Kitabu cha tano kilimfikisha kwa fundi cherehani mmoja.

"Dada, mwanangu anajua baba yake ni marehemu mume wangu," fundi alionya. "Ukinishona vibaya, nitakufumua!" Alicheka, machozi yakimlengalenga.

"Jina lako halitaonekana, dada yangu. Niamini."

Fundi akafunguka. Alitekwa, akashonea askari sare kambini. Nguo za mateka wenzake alizitia uzi mwekundu chini ya kola, ili wakiuawa ndugu zao wawatambue. Alirudi nyumbani na mimba ya askari. Vita viliisha, lakini mkono ulikataa kuacha uzi ule. Kila shati aliloshona lilikuwa nao.

Jina mwandishi alilibadilisha. Uzi aliuacha, kwa kuwa bila uzi kisa kilikuwa chapwa.

Kitabu kikapata tuzo, gazeti likachapa kisa hichohicho. Mtaani watu wakaanza kugeuza kola zao. Mwana wa fundi, mwalimu mwenye heshima zake, naye akageuza yake.

Mwandishi alikwenda mbio, roho mkononi. Alimkuta fundi ameduwaa mbele ya cherehani, mashati yamerundikana miguuni pake.

"Ameyarudisha yote," fundi alisema. "Kaniuliza, 'Mama, mimi ni wa nani?' Kaondoka."

"Nisamehe, dada. Toleo la pili nitakiondoa kisa hicho."

"Na kichwani mwa mwanangu utakiondoa kwa kifutio gani?"

Mwandishi akainama aokote shati moja.

"Liache. Umeshashika vya kutosha."

Habari zilienea kama moto wa nyikani. Wiki hiyo wanawake watatu aliopanga kuwahoji walimpigia simu, mmoja baada ya mwingine.

"Vita?" alisema wa mwisho, sauti baridi kama chuma. "Mimi sikumbuki kitu, mwanangu."

Mwandishi alibaki ameshika simu iliyokwisha kukatwa. Kweli, maji yakimwagika hayazoleki.