Mpishe Siafu Akusafishie Nyumba

“Mpishe siafu akusafishie nyumba.” Mmemsikia babu yenu akimtania shangazi yenu hivyo, mkacheka. Haya, chekeni, lakini methali hii ilipoanza kulikuwa na mtu analia.

Huko Upare, milimani, Nakijwa alijifungua mtoto wake wa kwanza, na mkwewe, Bibi Nambua, akaja kumlea uzazi. Jamani, mama yule! Mkono wa kazi, ulimi wa pilipili. Mara uji mwepesi, mara nguo za mtoto hazijatakata, mara kitanda cha mtoto kisikae ukutani pale, kihamishwe. Sufuria alizipanga upya zote, Nakijwa akawa mgeni jikoni kwake. Siku ya tisa uvumilivu ukamwishia. Akafunga mzigo wake na wa mtoto, kesho arudi kwao.

Kulipokucha, siafu wakamiminika mlangoni. Nakijwa akachota jivu la moto awamwagie.

“Acha!” mkwewe akamzuia. “Mbebe mtoto, tutoke.”

“Kila mtu ananifukuza kwangu!” Nakijwa akaangua kilio.

Bibi Nambua akamwondolea jivu mkononi. “Hawakufukuzi, mwanangu. Wana kazi. Wakiimaliza watakwenda.”

Wakashinda kwenye banda la mbuzi. Siafu mmoja alikuwa amemng’ang’ania Nakijwa kifundoni, mkwewe akamng’oa taratibu, akapapaka mate pale alipoumwa. Kisha akampokea mtoto, akambembeleza, na Nakijwa akapata usingizi mnono, wa kwanza tangu ajifungue.

Jioni waliporudi, panya hakuna, kunguni hakuna. Na ukutani, chini ya kitanda cha mtoto, nyoka alikuwa amegugunwa hadi mifupa. Nakijwa akamkumbatia mwanawe kwa nguvu.

“Nimeuona mzigo wako,” Bibi Nambua akasema polepole. “Najua ulimi wangu unauma. Usiondoke wewe. Kesho nitaondoka mimi.”

Nakijwa akaufungua mzigo, akatoa kitenge chake kizuri na kukitandika kitandani kwa mkwewe. “Hakuna kuondoka, mama. Kazi hujamaliza. Kitanda cha mtoto bado hatujakihamisha.”

Wakakishika, huyu huku, yule kule.

“Inua basi! Mikono gani hiyo, laini kama ugali wa mgonjwa?”

Nakijwa akacheka hadi machozi. Akasogea kando, mkwewe apite mbele.

“Pita, mama, pita,” akasema. “Mpishe siafu akusafishie nyumba.”