Viroba Sitini na Kimoja

Hadithi hii nililetewa na mtu, naye aliletewa na mwingine. Isome mpaka mwisho, kisha mpelekee yule unayemjua ambaye kila akidhulumiwa husema, "Basi, yaishe."

Palikuwa na mwanamke aitwaye Tusekile, mpishi wa uji katika shule ya msingi ya mji mdogo wa milimani, kule ambako watoto hupuliza vidole kabla ya kushika penseli. Alikuwa akiamka mapema, akiwasha kuni mbichi, akipuliza moshi mpaka macho yanakuwa mekundu, na kengele ya mapumziko ilipolia uji ulikuwa tayari. Haukuwahi kuungua. Haukuwahi kuchelewa.

Lakini unga ulikuwa unapungua.

Shule ilinunua unga wa kiwanda kimoja kikubwa, wenye picha ya ndege korongo kwenye mfuko. Kila kiroba kiliandikwa kilo ishirini na tano. Tusekile alipima kwa kopo la kilo moja, na kila kiroba kiliishia kopo la ishirini na tatu.

Mwalimu mkuu, Mwalimu Kibona, alikuwa mtu wa mahesabu. Alikuwa na daftari la stoo, na kila kiroba kilikuwa na ukurasa wake.

"Kilo mbili ziko wapi?" aliuliza.

"Hazimo kwenye mfuko, mwalimu. Tupime kimoja kabla hatujakifungua."

Mwalimu alicheka. "Kiwanda kizima kina mitambo, kina wahandisi, kina mizani kubwa kama nyumba. Wewe una kopo la maziwa ya unga. Unataka niamini kopo?"

"Nataka uamini mizani. Ya duka la hapo nje inatosha."

"Mimi sitaaibika dukani kwa ajili ya mpishi."

Akachukua kalamu nyekundu, akaandika. Kuanzia siku ile kila kiroba kilipokwisha, mshahara wa Tusekile ulikatwa shilingi elfu tatu, bei ya kilo mbili. Alikatwa kwa kiroba cha kwanza. Alikatwa kwa cha kumi. Alikatwa kwa cha hamsini. Kilipofika cha sitini na moja, mwalimu aliitisha mkutano wa wazazi, akamsimamisha mbele yao, akasema, "Huyu ndiye anayekula uji wa watoto wenu."

Akafukuzwa mchana ule ule, sufuria likiwa bado lina moto.

Mji ulikuwa mdogo, na neno lile lilienea kuliko moshi. Alikwenda kuomba kazi hotelini, mwenye hoteli akamwambia, "Dada, mimi nina stoo." Alikwenda kuomba kupika kwenye msiba, na hata msibani, ambako hakuna anayekataa mikono, walimpa kazi ya kuchota maji. Jikoni hawakumruhusu aingie.

Mwaka ukapita. Siku moja alikwenda ofisi ya kata kuomba barua ya utambulisho, apate kazi mji mwingine ambako hawamjui. Mtendaji hakuwepo. Akasubiri. Mbele yake kulikuwa na ubao wa matangazo, na juu ya ubao kulikuwa na tangazo la kurasa mbili, maandishi madogo kama sisimizi.

Watu wengi walikuwa wameliona. Walisoma mstari wa kwanza, wakaona neno "mahakama", wakaondoka. Anayelipenda neno hilo ni nani?

Tusekile hakuwa na pa kwenda. Akasoma lote.

Tangazo lilisema kwamba waoka mikate wa mkoa walikishtaki kiwanda cha korongo kwa kuuza unga pungufu, wakashtaki kwa niaba ya wote walionunua. Kiwanda kimekubali kulipa. Shilingi elfu tatu kwa kila kiroba. Atakayedai alete risiti au kiroba chenyewe. Atakayelipwa ni yule aliyebeba hasara. Mwisho wa kudai ni Ijumaa, saa kumi jioni. Fedha isiyodaiwa itabaki kiwandani.

Alisoma tena. Akasoma mara ya tatu, kidole kikiwa juu ya maneno "unga pungufu".

Ile ilikuwa Alhamisi.

Hakuisubiri barua. Alirudi nyumbani mbio, akaingia uani, akachukua kisu, akaanza kubomoa bafu lake.

Nieleze hapa, msomaji asije akadhani alirukwa na akili. Katika shule ile kiroba kitupu kilikuwa mali ya mpishi. Ndiyo bakshishi yake. Tusekile alivibeba vyote nyumbani. Arobaini na nane alivishona pamoja, akazungushia miti, likawa bafu. Kumi na vitatu alivitandika kwenye banda la kuku. Kwa mwaka mzima alikuwa anaoga huku korongo arobaini na nane wakimtazama.

Jirani yake Ambakisye, fundi baiskeli, alichungulia juu ya ua.

"Jirani, bafu limekukosea nini?"

"Nalipeleka kata."

"Kata wana bafu lao."

"Kiwanda kinalipa unga waliotuibia. Elfu tatu kwa kiroba."

Ambakisye akacheka mpaka akashika kiuno. "Elfu tatu! Mimi pia nilinunua vinne. Vimezibia kibanda changu cha kazi. Nikibomoe nikae kwenye jua kwa elfu kumi na mbili? Halafu nipange foleni kama nagawiwa msaada? Waache wale, watavimbiwa."

"Hawatavimbiwa, Ambakisye. Wewe elfu kumi na mbili, yule elfu sita, mwingine elfu tisa, mji mzima mnaona aibu. Aibu yenu ndiyo wanayoila."

"Na utaoga wapi?"

"Nitachutama nyuma ya kanga. Mwili wangu hauna shida. Jina langu ndilo limekaa uchi mwaka mzima, na hakuna aliyenipa hata kipande cha kuliziba."

Ambakisye hakucheka tena.

Ijumaa asubuhi Tusekile alipita katikati ya mji na mzigo wa viroba kichwani. Vingine vilikuwa na povu la sabuni lililokauka, vingine na mavi ya kuku. Watu walimwita. "Mama uji, unahama?" "Mama uji, safari hii umeiba mpaka mifuko?" Hakugeuka. Mtu anayekwenda kudai chake hana muda wa kujibu kila mdomo.

Katika ukumbi wa kata kulikuwa na meza moja na karani mmoja wa malipo, msichana mwenye miwani, na mbele yake watu saba tu. Mji wote ulinunua unga ule, na waliokuja walikuwa saba.

Zamu yake ilipofika, karani alivuta pumzi, akaziba pua kidogo, akahesabu. Kila kiroba kilikuwa na namba ya kiwanda kwenye mshono. Vyote vilikuwa halali.

"Sitini na kimoja. Mama, ulinunua wewe?"

"Ilinunua shule. Mimi nilikuwa mpishi. Kilichopungua nilikatwa mimi."

Karani akaweka kalamu chini. "Hapo pana shida. Kiroba kinanionyesha kwamba unga ulinunuliwa. Hakinionyeshi nani alibeba hasara. Una karatasi yoyote inayosema ulikatwa?"

"Walinipa pesa mkononi, ikiwa imekatwa tayari."

"Hati ya mshahara?"

"Hakuna."

"Shahidi?"

Walioshuhudia kukatwa kwake ndio waliomwita mwizi.

"Pole, mama," karani akasema, na ilionekana anamaanisha. "Bila karatasi siwezi."

"Nitakaa hapa."

"Kukaa hakutaleta karatasi."

"Najua. Lakini nikiondoka, hata viroba vitaonekana nimeviiba."

Akakaa sakafuni, juu ya mzigo wake.

Saa saba mchana Mwalimu Kibona akaingia. Alikuwa amesikia, kama mji mzima ulivyosikia, kwamba Tusekile amebomoa bafu kwa ajili ya pesa. Akapiga hesabu haraka: sitini na moja mara elfu tatu. Hakupanga foleni nyuma ya wachache waliofika baada ya Tusekile. Alikwenda moja kwa moja mezani, suti imenyooka, daftari la stoo kwapani.

"Binti," alimwambia karani, "viroba vile ni vya shule. Unga ulikuwa wa shule, pesa ilikuwa ya shule. Huyu mama alifukuzwa kwa wizi. Usimlipe hata senti."

"Una ushahidi kwamba shule ilinunua, mwalimu?"

"Ushahidi?" Akaliweka daftari mezani kwa kishindo. "Mimi nafanya kazi kwa maandishi. Kila kiroba kimo humu. Soma."

Karani akafungua. Akasoma kimya. Kisha akainua macho, akamtazama Tusekile pale sakafuni, akarudi kwenye daftari, na safari hii akasoma kwa sauti.

"Kiroba namba moja. Pungufu kilo mbili. Wizi wa jikoni. Akatwe mpishi shilingi elfu tatu. Amekatwa."

Akafunua ukurasa.

"Kiroba namba mbili. Pungufu kilo mbili. Wizi wa jikoni. Akatwe mpishi shilingi elfu tatu. Amekatwa."

Akafunua tena.

"Huna haja ya kusoma zote," akasema mwalimu.

"Hii ni sahihi yako?"

"Ni yangu."

"Na muhuri?"

"Wa shule. Sasa..."

"Mwalimu, kila kiroba kilipopungua, shule ilirudishiwa elfu tatu kutoka kwenye mshahara wa huyu mama. Umeandika mwenyewe, mara sitini na moja. Niambie, shule ilipoteza nini?"

Watu kwenye foleni walisogea mezani.

"Mama," karani akaita, "njoo. Karatasi yako imefika."

Alihesabu shilingi laki moja na elfu themanini na tatu, akazipanga mbele ya Tusekile. Tusekile akasaini, akazifunga kwenye pindo la kanga. Mwalimu akanyoosha mkono kuchukua daftari lake aondoke.

Mkono wa Tusekile ulikuwa umelitangulia.

"Bado, mwalimu."

"Umeshalipwa. Unataka nini tena?"

"Kiwanda kimenilipa. Wewe hujanilipa."

Mwalimu akakohoa, akashusha sauti. "Basi, mama, yaishe. Nipe daftari, nikifika ofisini nitalifuta lile neno la wizi."

"Usilifute! Ukilifuta utasema hukuliandika. Liache palepale, jekundu, walione. Chini yake andika: unga ulitoka kiwandani ukiwa pungufu, mpishi hakuiba. Weka tarehe. Weka sahihi. Piga muhuri. Najua unatembea nao mfukoni."

"Hapa? Mbele za watu?"

"Kwani ulinifukuzia wapi?"

Mtu mmoja kwenye foleni akasema, "Andika, mwalimu." Mwingine akasema, "Tunasubiri nyuma yako." Karani akavua miwani, akaipangusa taratibu, akasogeza kiti pembeni ya meza. Mwalimu akatazama mlango. Mlangoni alikuwa amesimama Ambakisye, viroba vinne mkononi, na nyuma yake watu wa mtaa wa chini wakiwa na mikeka ya viroba, mapazia ya viroba, paa za mabanda, wamesikia kwamba pesa ni ya kweli. Hapakuwa na pa kupita.

Mwalimu akakaa. Akaandika ukurasa wa kwanza, akasaini, akapiga muhuri. Wa pili. Wa tatu. Foleni ilipita mbele yake, mtu baada ya mtu, na kila mtu aliinama kidogo kusoma anachoandika. Wazazi wa watoto waliokunywa uji ule walikuwamo. Wengine walimgeukia Tusekile wakataka kusema neno, akawaonyesha kwa kichwa: pangeni mstari kwanza, saa kumi inakuja.

Alipofika ukurasa wa ishirini, mwalimu akanyoosha vidole. Jasho lilikuwa limelowesha kola.

"Mama Tusekile," alisema, na ilikuwa mara ya kwanza kumwita kwa jina lake. "Yote ni maneno yale yale. Hizi ishirini si zinatosha?"

Tusekile alikuwa amekaa mbele yake, mikono imekunjwa, mgongo umenyooka.

"Uliponiandika mimi, mwalimu, ulichoka ukurasa wa ishirini?"

Mwalimu Kibona akainamisha kichwa, akafunua ukurasa wa ishirini na moja.

Funzo: Ukiibiwa kidogo usiseme ni kidogo, maana mwizi hutajirika kwa vidogo ambavyo watu wameona aibu kuvidai, soma tangazo mpaka mwisho, dai chako kabla muda haujafungwa, na usimwachie aliyekuchafua mbele za watu aje akusafishe chumbani.